Nyumba ya kukodi, seti ya kujenga au porini? Kuchagua mahali pa kushutia filamu ya kutisha Nyanda za Juu Kusini

Skripti imekamilika, kamera mmeazimwa, na waigizaji ni watu wa kikundi chenu wanaokubali kupewa nauli na chakula. Mnachobishania ni mahali. Mmoja anaitaka nyumba ya kizamani aliyoiona Tukuyu. Wa pili anasema mjenge chumba chenu ndani ya ghala la shangazi yake Uyole. Wa tatu hapati usingizi, anawazia misonobari ya Mufindi ikiwa imemezwa na ukungu. Wote wana hoja, na kwa bajeti mliyonayo mtaweza moja tu, mkijitahidi sana moja na nusu.

Njia hizo tatu nimezipima kwa vigezo vitano: pesa inaishia wapi, unaruhusiwa kubadili nini, mwanga, sauti, na watu pamoja na vibali. Uzuri wa picha sikuuweka kwa makusudi. Mtu makini atapata picha nzuri kokote. Filamu nyingi za kujitegemea hufia kwenye hayo mengine, hasa siku ya tatu, pale chakula kinapopungua na mvua inapoanza.

Pesa inaishia wapi

Nyumba ya kukodi hudanganya kwa bei ya mwanzo. Mwenye nyumba anataja kiasi cha siku nne, mnapeana mikono, mnaona mmeokota dodo. Gharama yenyewe huja mwishoni: kupaka rangi upya, kurudisha kioo, kusugua damu bandia iliyoingia kwenye nyufa za sakafu ya mbao. Kiandikieni mapema kifungu cha kurudisha nyumba kama ilivyokuwa, na kiwe karibu sawa na kodi yenyewe. Lakini nyumba hiyo inakuja na vitu ambavyo hamtavijenga kwa bei yoyote: kabati la mninga ambalo kioo chake kimeanza kutoka madoa, ngazi iliyolika katikati, dari iliyobonyea kwa miaka mingi ya mvua.

Kwenye seti hesabu iko wazi tangu siku ya kwanza, na kwangu hilo ni sifa. Plaiwudi huuzwa futi 4 kwa 8. Chumba cha futi 12 kwa 12 kinataka mbao hizo tatu kila ukuta, kwa hiyo kuta tatu ni tisa, na ukitaka ukuta wa nne zinakuwa kumi na mbili. Ongeza mbao za mbili kwa mbili za fremu, mlango, na fundi seremala. Hapo mtu wa nyanda hizi ana bahati ambayo mwenzake wa Dar es Salaam hana: Mafinga imezungukwa na mashine za kupasulia magogo ya Sao Hill, shamba la miti la serikali lililo kubwa kuliko yote nchini. Na kwa filamu ya kutisha hamhitaji hata mbao nzuri. Chukueni mabanzi, vile vipande vya pembeni vinavyobaki na gome lake baada ya gogo kupasuliwa. Ni rahisi, yana mafundo na mikunjo, na kibanda kilichojengwa kwa mabanzi kinaonekana kimeishi miaka arobaini kabla hamjakigusa. Tumieni skrubu badala ya misumari ili mbao ziuzike tena baada ya kazi.

Ghala lenyewe ndilo gumu. Maghala ya mazao huanza kujaa mahindi kuanzia Juni au Julai na huwa matupu miezi ya kabla ya mavuno, yaani mvua inaponyesha. Shikeni hilo, tutalirudia kwenye sauti.

Porini kodi ni ndogo au haipo, na fedha zote huingia kwenye miguu na matumbo. Kirikuu itawafikisha njia inapoishia. Baada ya hapo jenereta na taa vinabebwa kichwani. Kupanda hadi ukingo wa Ziwa Ngozi ukiwa mikono mitupu tayari ni kazi. Kuna pia gharama ya kungoja: ukungu ukikataa kuja, au ukija na mvua, watu kumi na wawili wamekaa wanakula. Baridi nayo ina bili yake. Betri za kamera huisha upesi zaidi kwenye baridi, na mwigizaji aliyevaa gauni la kulalia saa tano usiku huko Makete anahitaji blanketi, chai ya tangawizi na moto kati ya kila sini. Anayetetemeka kweli hatamki maneno yake vizuri.

Unaruhusiwa kubadili nini

Kigezo hiki nakiweka juu ya vingine, kwa kuwa kazi ya mtu wa seti kwenye filamu ya kutisha ni kuharibu kwa mpango.

Kwenye nyumba ya kukodi uharibifu wenu lazima uoshwe. Mashuka na mapazia mnaweza kuyachovya kwenye chai ya rangi iliyokolea mpaka yawe na manjano ya uzee, kisha mkaenda nayo nyumbani. Vumbi la sakafuni linaweza kuwa majivu yaliyochekechwa. Ukuta wenye rangi ya mafuta utavumilia udongo mwekundu uliokorogwa na maji na wanga kidogo, na utafutika kwa kitambaa kibichi. Ukuta wa chokaa hautavumilia: doa likiingia limeingia, itabidi mpake upya ukuta mzima. Jaribuni kwanza nyuma ya kabati.

George Romero alipotengeneza filamu yake ya wafu mwaka 1968 huko Pennsylvania, timu yake ilikodi nyumba ya shamba iliyokuwa inasubiri kubomolewa, ndiyo maana waliweza kugongelea mbao madirishani bila kumwogopa mtu. Hapa kwetu tafuteni nyumba zilizowekewa ile X nyekundu kwa ajili ya kupanua barabara, au zile ambazo ukoo umeamua kuzivunja ili ujenge upya. Hakikisheni anayewapa ruhusa ndiye mwenye nayo. Nyumba za urithi zina wenyewe wengi, na mmoja wao hutokea siku ya pili akiwa amekasirika.

Seti inaruhusu kila kitu. Ukuta mmoja unatoka ili kamera irudi nyuma. Mkono unatokea ukutani. Mnaweza hata kusogeza kuta za ukumbi ndani kwa kiganja kimoja kati ya sini na sini; mtazamaji hatajua kilichobadilika, ila atahisi kubanwa. James Wan na wenzake walipotengeneza filamu yao ya Saw, iliyotoka mwaka 2004, walijenga bafu bovu la hadithi yao ndani ya ghala Los Angeles, na filamu nzima ilipigwa kwa siku 18. Chumba kimoja, watu wawili, mnyororo.

Ubaya wa seti ni kwamba huzaliwa mpya, na upya huonekana. Hapa ndipo kazi inapotakiwa, kwa hiyo nitakaa kidogo. Pakeni plaiwudi gundi ya mbao, bandikeni magunia ya katani, kisha pitisheni tabaka jembamba la udongo na jipsam. Likikauka litapasuka lenyewe, na nyufa hizo ni bora kuliko utakazochora. Halafu fikirini kabla ya kuchafua. Uchafu wa nyumba hufuata mwili wa mtu: unazunguka swichi ya taa, ukingo wa mlango pale mikono inaposhika, usawa wa bega pembeni ya kitanda, na usawa wa kisogo nyuma ya kiti alichokuwa akikalia babu. Maji nayo huchora kutoka juu kwenda chini, yakianzia mahali bati lilipotoboka. Mtu anayerusha masizi ukuta mzima kwa usawa ule ule ametengeneza ukuta uliopakwa masizi, na kamera italisema hilo mara moja. La mwisho ni uzito. Mlango wa seti ukibamizwa, ukuta wote hutikisika na mtazamaji anacheka. Fremu ya mlango ifungeni kwenye nguzo zake peke yake, ziwekewe viroba vya mchanga nyuma, isigusane kabisa na ukuta.

Porini hamwezi kubadili kitu, na kwenye msitu wa hifadhi hamtakiwi hata kujaribu. Mnachoweza ni kuongeza vitu vidogo na kuondoka navyo. Ile filamu ya vijana waliopotea msituni Maryland, iliyotoka mwaka 1999, iliwatisha watu kwa vijiti vilivyofungwa umbo la mtu na kuning'inizwa mitini. Huku kwetu kuna mianzi, kamba za migomba, vibuyu vya ulanzi vilivyopasuka. Kitu kinachotumika kila siku kikionekana mahali ambapo hakina sababu ya kuwepo kinatosha: kiti cha miguu mitatu katikati ya shamba la chai, kimegeuzwa kutazama miti.

Porini kuna pia balaa la mfuatano wa picha. Nyasi zilizokanyagwa na timu asubuhi zinaonekana kwenye sini ambayo eti hakuna aliyewahi kupita, kwa hiyo wekeni njia ya timu mbali na njia ya mwigizaji. Ukungu wa saa moja asubuhi hautakuwepo saa tatu, na mazungumzo ya dakika mbili yaliyopigwa kwa saa mbili yatakuwa na hali ya hewa nne tofauti. John Carpenter alipotengeneza filamu yake ya mwaka 1978, iliyopigwa California majira ya kuchipua huku hadithi ikiwa ya Oktoba, timu ilipaka rangi majani makavu, ikayamwaga, kisha ikayaokota ili iyamwage tena sini inayofuata. Kwenye filamu ya bei ndogo kazi hiyo yumo mtu wa seti, akiwa na gunia.

Mwanga

Nyumba nyingi za zamani huku zina madirisha madogo kwa sababu ya baridi, na hilo linawasaidia: nailoni nyeusi nje ya madirisha matano na tayari mna usiku saa sita mchana. Angalieni nyaya kabla ya kuchomeka chochote. Taa za LED hazili umeme mwingi, lakini soketi iliyoungua pembeni si propu, yaani kifaa cha kuigizia, ni onyo.

Ndani ya ghala mna uhuru wote, mradi mzibe mianya ya mabati ambako jua hupenya kwa vijishimo.

Nje hali ni ngumu zaidi, na pia ndiyo yenye zawadi kubwa. Mbeya jua huzama karibu na saa moja jioni, na mwanga ule wa bluu wa kufaa kupigia hudumu kama dakika ishirini tu. Ndani ya msitu huisha mapema zaidi. Pangeni sini moja fupi kwa jioni moja, na muifanyie mazoezi mchana mahali pale pale. Zawadi ni ukungu: tochi moja ya kawaida kwenye ukungu hutoa mshale wa mwanga unaoonekana, kitu ambacho wenzenu mjini hukodia mashine ya moshi. Mkiwasha taa kubwa upande wa kamera, ukungu huohuo hugeuka ukuta mweupe. Taa ziwe nyuma ya mwigizaji au pembeni.

Watu wengi wakifikiria porini wanafikiria msitu. Mimi ningefikiria pia Kitulo. Uwanda ule, uliotangazwa kuwa hifadhi ya taifa mwaka 2005, uko takriban mita 2,600 juu ya usawa wa bahari, nyasi tupu mpaka macho yachoke. Msituni unaogopa usichokiona. Kitulo unakiona kitu kikija kutoka mbali, polepole, na hakuna pa kujificha.

Sauti

Bati. Mvua ikinyesha juu ya bati hakuna kipaza sauti kitakachowaokoa, na hata bila mvua, bati hulia jua linapolipasha asubuhi na linapopoa jioni. Ghala kwa kawaida halina dari, kwa hiyo ndilo linaloumia zaidi, na ndilo linalopatikana miezi ya mvua. Mkichagua seti wakati wa masika, andikeni sini zenye maneno machache, au pangeni kurekodi sauti upya baadaye. Nyumba yenye dari ya mbao hupunguza makali.

Jambo la pili ni barabara kuu ya kwenda Tunduma. Malori hupanda na kushusha gia usiku kucha Uyole, Makambako, Mafinga. Nendeni mahali mlipopachagua saa nne usiku, kaeni kimya dakika kumi, msikilize kabla ya kulipa.

Kwenye misonobari, sindano zilizodondoka zimetandika sakafu nene inayomeza nyayo. Kwa skripti ambayo kitu kinamfikia mtu bila kusikika, mmepewa bure. Kwa skripti inayotaka nyayo zisikike zikikaribia, mtazirekodi nyumbani juu ya makapi ya mahindi.

Watu na vibali

Filamu inahitaji kibali cha Bodi ya Filamu, inayofanya kazi chini ya sheria ya filamu ya mwaka 1976. Anzeni kwa afisa utamaduni wa halmashauri, atawaelekeza. Juu ya hapo, msitu wa hifadhi una Wakala wa Huduma za Misitu, Kitulo ina TANAPA, na jengo la kihistoria lina watu wa malikale. Nyumba binafsi na ghala binafsi vina mlolongo mfupi zaidi. Karatasi, hata hivyo, ni nusu ya jambo.

Nyanda hizi zimewahi kuumizwa kweli. Wazee wa Mbeya hawajasahau habari za wachuna ngozi, na Njombe mwanzoni mwa mwaka 2019 ilizika watoto waliouawa. Mtu aliyejifunga gunia usoni, ameshika panga lenye damu, amesimama kando ya kijiji usiku, kwa mwanakijiji si mwigizaji. Mnaweza kupigwa, na atakayewapiga atakuwa na sababu. Nendeni kwa mtendaji na mwenyekiti mchana, na skripti mkononi, mwombe itangazwe kwenye mkutano. Semeni "kamwene" kwa Wahehe na "ugonile" kwa Wanyakyusa kabla ya kueleza shida yenu. Ajirini vijana wa hapo kubeba vifaa na kulinda, maana kijana wa kijijini akiwa kwenye timu yenu habari huenea sahihi. Makaburi ya watu yaacheni; tuta la udongo nyuma ya nyumba linatosha. Mifupa iwe ya mbuzi, imechemshwa. Na msimfanye mtu mwenye ualbino kuwa kitisho cha hadithi yenu, hata kwa nia ya sanaa.

Nyumba ya kukodi ina tatizo lake ambalo wengi hawalifikirii. Mkishaondoka, majirani watasema pale palichezwa mambo ya mizimu, na mwenye nyumba anaweza kukosa wapangaji. Mwambieni hadithi yote kabla, msifiche, na muahidi kutoonyesha upande wa mbele wa nyumba unaotambulika. Ghalani hakuna anayeona kitu, na hiyo ndiyo raha yake.

Kila moja inamfaa nani

Nyumba inamfaa mwenye hadithi ya familia, urithi, ndoa, mgeni aliyepangishwa chumba cha nyuma. Na timu isiyo na fundi ila ina jicho la kupanga vitu. Mtu wa namna hiyo asubuhi moja kwenye masoko ya Mbeya, Mwanjelwa au Sido, anarudi na sanduku la bati, chemli na redio ya mbao.

Seti inamfaa mwenye hadithi ya chumba kimoja, mwenye fundi seremala kwenye kikundi, na waigizaji wanaofanya kazi mchana na kupatikana jioni tu. Inamfaa pia yeyote mwenye sini ya ukuta kupasuka au mtu kuvutwa chini ya sakafu.

Porini kunamfaa mwenye watu wachache, maneno machache, miguu mizuri na muda wa kungoja. Timu ya watu watano itashinda ya ishirini huko.

Kwa hali yako

Mna wikiendi mbili tu na hamna fundi: nyumba, na muwe na vyumba viwili vya kutumia, kimoja kikitengenezwa wakati kingine kinapigwa.

Mna mwezi, jioni tu, na ghala tupu la ndugu: seti. Kama ni Machi, tafuteni hata asubuhi chache za mapumziko kwa ajili ya sini zenye mazungumzo, maana mvua nyingi hupenda mchana na jioni.

Hamna fedha kabisa ila mko Mufindi, Makete au Rungwe: nje, karibu na kwenu, mahali mnapoweza kurudi kesho hali ya hewa ikikataa leo. Msiende Ngozi kwa sababu ina jina.

Hadithi yenu ina nje na ndani: pigeni nje kwanza, siku chache, mpate mlango mmoja kwenye picha. Kisha jengeni mlango huohuo ghalani, kwa mabanzi yaleyale, kitasa upande uleule. Upigeni picha mlango wa nje ukiwa umefungwa, umefunguliwa nusu na ukiwa wazi, na mpime urefu wake kwa futi kamba kabla hamjaondoka.

Na kama skripti yenu inataka nyumba iungue: seti, sehemu ndogo tu, uwanja wa wazi, mchanga na maji vikiwa tayari. Si nyumba ya mtu, na si karibu na misonobari wakati wa kiangazi.